Mjomba kaniuliza mpaka wa baharini uko wapi, nikakosa jibu. Hii sheria ya kimataifa ina uhakika wowote?

#1 MwanaWaKiunga
Wadau, hamjambo. Mimi mzaliwa wa Kiunga, pwani kule karibu na mpaka wa Somalia, ila masomo yamenileta Nairobi, naishi Ngara, niko mwaka wa tatu wa sheria. Juzi usiku mjomba alinipigia. Yeye ni mvuvi wa madema, ile mitego ya samaki, shule aliiachia darasa la nne, lakini maswali yake hunitoa jasho kuliko mitihani. "Wewe si ndiye unayesomea sheria kwa pesa zetu? Nambie basi, mpaka wetu na Somalia ukishaingia majini unapita wapi?"

Nikadhani ni jibu la dakika mbili. Nikamwambia Kenya tangu 1979 inashikilia mstari unaonyooka kwenda mashariki, sambamba na ikweta, yaani mstari wa latitudo. Somalia inataka unaoshuka kusini-mashariki. Agosti 2014 Somalia ikatushtaki katika Mahakama ya Kimataifa ya Haki kule The Hague, na tarehe 12 Oktoba 2021 mahakama ikachora wake, si huu wala si ule. Serikali yetu ikatangaza kwamba hukumu hiyo haiitambui. Mjomba akanyamaza, nikawa nasikia upepo tu kwenye simu. Halafu akasema: "Kwa hivyo mistari ni mitatu. Na mimi injini ninayo moja."

Sijalala vizuri tangu hapo. Kama mahakama kubwa kuliko zote imeshaamua na bado mtu wa Kiunga hajui mpaka wake, hiyo ni sheria au ni maoni ya watu wazito?

#2 KaratasiTatu
Maoni yenye muhuri. Nimeketi mbele, leteni njugu.

#3 WakiliBilaOfisi
Karatasi, weka njugu chini. Mwana wa Kiunga amechanganya mambo mawili. Hukumu za mahakama ile ni za mwisho, hazina rufaa, na kila mwanachama wa Umoja wa Mataifa ameahidi kutii kesi ikiwa yake. Ibara ya 94 ya Mkataba wa Umoja wa Mataifa haiumi maneno. Kwa hiyo mpaka kisheria ni ule wa 2021, basi. Kwamba Kenya imenuna ni habari nyingine. Mpangaji akikataa kulipa kodi ya nyumba huwezi kusema kodi haijulikani ni kiasi gani.

#4 MamaRuaka
Wakili, wewe hujawahi kupangisha nyumba. Mimi nina vyumba sita na kila mwisho wa mwezi kuna mmoja ananiambia tulikubaliana kingine.

#5 MpimaMstaafu
Nimepima ardhi tangu ujana wangu hadi nikastaafu, niruhusuni niongeze la fundi.

Mistari hiyo yote inaanzia karibu mahali pamoja pale pwani, halafu inapanuka kama mkasi uliofunguliwa. Eneo lililogombaniwa linapita kilomita za mraba 100,000, lakini sehemu yake kubwa iko mbali sana, huko mashua ya mjomba haifiki na mafuta yake hayamrudishi.

Mimi shaka yangu iko nchi kavu kabla hata ya kulowa miguu. Nguzo ya mwisho ya mpaka ni namba 29. Kutoka hapo kwenda majini, makubaliano ya Waingereza na Waitaliano ya 1927 yanataka mstari ulio pembe mraba na "mwelekeo wa jumla wa pwani" pale Dar es Salam. Haya, mwelekeo wa jumla ni upi? Chukua mhogo uliopinda, ulaze mezani, uweke rula. Ukipima mhogo mzima unapata mwelekeo mmoja, ukipima ncha tu unapata mwingine, na zote mbili ni kazi safi. Mimi na mwenzangu tuliwahi kubishana asubuhi nzima juu ya ukingo wa mto usiozidi mita 200, na hatukuwa na mabalozi nyuma yetu wala mafuta chini yetu.

#6 KaratasiTatu
Dar es Salam? Kumbe mpaka wetu na Somalia uko Tanzania?

#7 MpimaMstaafu
Ni mahali pengine, hapo hapo mpakani pwani, penye jina linalokaribiana. Herufi moja imepungua. Soma polepole, kijana.

#8 JamStriti
Siku ya hukumu nilikuwa mkahawani hapa Eastleigh, runinga imewashwa sauti mpaka mwisho. Ramani ilipotokea meza moja ikapiga makofi, meza ya pili ikauliza "sasa nani kashinda?" Mwenye mkahawa ana kitambulisho cha Kenya na mama mzazi yuko Kismayu. Alizima runinga, akasema chai bado ni bei ile ile.

Swali lake mwenye meza ya pili lilikuwa zuri. Sehemu kubwa ilikwenda Somalia, sawa. Lakini mstari wa kati wenyewe, ule ulio umbali sawa na pwani zote mbili, ulisogezwa kaskazini kidogo, ukaipunja Somalia. Kwa nini? Kama kanuni ni mstari wa kati, si uwe wa kati?

#9 Mkereketwa
Mnazunguka bure. Rais wa ile mahakama alikuwa Msomali. Mechi iliuzwa kabla ya kuchezwa.

#10 BiParklands
Mkereketwa, sahihisho. Aliyeongoza benchi siku ya hukumu ni Joan Donoghue, Mmarekani. Abdulqawi Yusuf, ambaye ni Msomali, alikuwa rais wa mahakama kuanzia 2018 hadi mapema 2021, na katika kesi hii alikaa kama jaji wa kawaida. Kanuni za mahakama zinamruhusu jaji kusikiliza kesi ya nchi yake, na upande wa pili hupewa nafasi ya kuteua jaji wa kesi hiyo tu. Kenya ilimteua Mfaransa, Gilbert Guillaume, aliyewahi kuwa rais wa mahakama hiyo hiyo. Kulalamika unaruhusiwa, Kenya yenyewe ililalamika. Ila lalamika na majina sahihi.

JamStriti, mahakama hufuata hatua tatu. Unachora mstari wa kati wa muda. Unatazama kama kuna hali inayodai usogezwe. Mwisho unalinganisha urefu wa pwani na ukubwa wa eneo, uone hakuna aliyedhulumiwa kupita kiasi. Inapendeza ubaoni, naifundisha kila mwaka. Mdudu yuko hatua ya pili. Majaji waliona pwani ya Somalia, Kenya na Tanzania, ukiitazama kwa pamoja, imeingia ndani kama bakuli, na Kenya iliyo katikati ingebanwa mbavu. Wakausogeza mstari ufuate nyuzi 114 kutoka kaskazini. Kwa nini 114, si 110, si 118? Nimezisoma aya hizo mara nne nikiwa na kalamu nyekundu. Hesabu sikuiona, nimeona neno "haki". Majaji 10 waliunga mkono, 4 wakakataa.

#11 Mkereketwa
Sawa mwalimu, asante kwa majina. Bado nasema iliuzwa.

#12 MkalimaniWaGigiri
Mimi hula kwa kukalimani mikutano, Gigiri na kwingineko, na nina maelezo tofauti na yenu nyote. Shaka haikuingia humu kwa bahati mbaya. Ilialikwa, ikapewa kiti.

Mkataba wa Sheria ya Bahari wa 1982, ibara ya 74, unasema nchi jirani zigawane eneo la uchumi kwa makubaliano, ili kufikia "suluhisho la haki". Imekwisha. Hakuna mstari wa kati, hakuna latitudo. Wajumbe walianza kuvutana 1973, kundi moja likidai mstari wa kati, jingine likidai haki, na kila kundi lilikuwa na pwani ya kulinda. Wakaandika neno ambalo kila mmoja angeenda nalo nyumbani akasema tumeshinda. Kenya na Somalia zote mbili ziliridhia 1989, mwaka mmoja.

Paris, Desemba 2015. Rasimu ya mwisho ya makubaliano ya tabianchi ilikuwa na "shall", neno la kulazimisha, mahali ambapo Marekani ingekubali "should" tu, neno la kushauri, kuhusu nchi tajiri kupunguza hewa chafu. Kikao kikakwama kwa neno moja. Likabadilishwa, likasomwa kwenye orodha ya makosa ya uchapaji, nyundo ikagongwa. Sasa nitafsirie hayo maneno mawili. "Zitapunguza" kwa sikio la kawaida ni utabiri, kama mvua kesho. Nikisema "lazima zipunguze" mwanasheria ananirukia kwamba nimetia chumvi. Nikisema "zinapaswa" nimeshalishusha.

Na lile azimio namba 242 la Baraza la Usalama, Novemba 1967, la Israeli kuondoka katika maeneo iliyoyateka. Kiingereza kimeacha kile kijineno "the" cha kuonyesha kwamba ni maeneo yale yanayojulikana, yote, Kifaransa kinacho. Zaidi ya miaka 50 watu wazima wanatoana jasho kwa kijineno hicho. Kiswahili hakina kabisa. Useme "kuondoka katika maeneo yaliyotekwa", pande zote mbili zitakushukuru mlangoni. Watakutafuta baadaye.

#13 MamaRuaka
Kwa hiyo mnalipwa ili watu wasielewane kwa adabu. Nami nataka mkataba wa nyumba wa namna hiyo, niandikieni.

#14 DerevaWaZamani
Nyinyi mnaongea bahari. Mimi niliendesha gari la ubalozi mmoja hapa Nairobi miaka 11, jina nalihifadhi. Nikafutwa kwa barua ya mistari miwili. Likizo zangu hazikulipwa. Nikaenda mahakama ya kazi nikiwa na imani, maana ushahidi wote nilikuwa nao, mpaka vitabu vya safari vyenye saini.

Wakili wao akasimama akasema neno moja: kinga. Yaani ubalozi haushtakiki hapa. Tukaahirishiwa mara tano. Siku ya uamuzi nilivaa suti yangu ya harusi. Jaji alisoma kwa saa nzima. Akasema zipo mahakama duniani zinazoona kuajiri dereva ni jambo la kawaida kama kununua unga, halina kinga; na zipo zinazoona dereva hubeba balozi pamoja na siri za balozi, kwa hiyo kinga ipo. Akachagua ya pili. Rafiki yangu aliyekuwa mpishi katika ubalozi mwingine, barua yake ya kufutwa na yangu zilifanana kama mapacha, yeye walimlipa nje ya mahakama kabla ya kusikilizwa.

Suti sijaivaa tena.

#15 WakiliBilaOfisi
Pole sana mzee wangu. Hapo nakiri sheria yenyewe ndiyo yenye ukungu. Kinga ya balozi kama mtu imeandikwa katika Mkataba wa Vienna wa 1961, unaweza kuisoma. Kinga ya dola kama mwajiri ni kitu kingine. Umoja wa Mataifa uliandika mkataba wake 2004, lakini unahitaji nchi 30 ziridhie ndipo uanze kazi, na nchi zimekuwa zikijivuta miaka nenda miaka rudi. Kwa hiyo majaji hurudi kwenye desturi, na desturi kila mtu huisoma kwa miwani yake. Lakini hilo ni hapo, si kote.

#16 JamStriti
Wakili, kwenye #3 ulisema "basi". Sasa umekuja na "hapo" na "kote". Mstari wako nao umesogea nyuzi ngapi?

#17 BiParklands
Mwacheni, amekiri, ni wachache hukiri humu.

Hiyo desturi ndiyo inayoninyima usingizi mimi. Ili jambo liwe desturi yenye nguvu ya sheria, nchi ziwe zinalifanya, na zilifanye kwa kuamini kwamba zinadaiwa. Hilo la pili ni shimo. Kwenye ploti yetu Pangani kila kukiwa na matanga tunatoa shilingi 500 kwa nyumba. Mwaka jana jirani mmoja akakataa. Akasema siku zote alikuwa akitoa kwa huruma, hakujua ni deni. Mweka hazina akafungua daftari: ametoa mara saba. Haya, mara saba za huruma zinazaa deni? Tulibishana mpaka chai ikafanya utando.

Majaji wa The Hague hufanya hayo hayo, ila wao wana manowari badala ya shilingi 500. Hakuna nchi iliyotumia bomu la nyuklia vitani tangu 1945. Ni kwa sababu zinaamini ni haramu, au kwa woga wa kulipiziwa? Mwaka 1996 waliulizwa na Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa. Wakajibu kwamba kwa ujumla kulitumia kungekiuka sheria za vita, lakini katika kujihami kwa mwisho kabisa, uhai wa dola ukiwa mashakani, hawawezi kuamua kwa uhakika kama ni halali au haramu. Kura 7 kwa 7, rais Mohammed Bedjaoui wa Algeria akaongeza kura ya kuamua. Na waliopinga hawakuwa kambi moja: Weeramantry wa Sri Lanka alipinga kwa kuwa alitaka liwe haramu bila kisingizio chochote, Schwebel wa Marekani alipinga akitokea mlango mwingine kabisa.

#18 KaratasiTatu
Dakika 90, sare, refa kaingia kufunga mwenyewe. Na bao lenyewe linasema "hatujui".

#19 MzeeWaBuruburu
Sare hiyo si ya kwanza, wajukuu.

Mwaka 1960 Ethiopia na Liberia ziliishtaki Afrika Kusini kwa inavyoitawala Namibia, wakati huo ikiitwa Afrika ya Kusini-Magharibi. 1962 mahakama ikasema kwa kura 8 kwa 7 kwamba kesi inasikilizika. Tukashangilia. Ikaendelea mpaka Julai 1966, halafu kwa 7 kwa 7, kura ya rais Percy Spender wa Australia ikiamua, ikasema Ethiopia na Liberia hazina haki yoyote ya kisheria inayowapa kudai hayo waliyodai. Karatasi zilikuwa zile zile. Kilichobadilika ni kwamba jaji wa Misri alikuwa amefariki, mwingine mgonjwa, na Zafrulla Khan wa Pakistan aliambiwa asikae.

Nilikuwa shule ya msingi. Mwalimu wetu aliingia na gazeti kwapani, akafuta ubao ambao haukuwa na kitu, akasema leo hakuna somo la historia. Akaketi. Tulikaa naye kimya mpaka kengele.

Kwa hiyo Mkalimani anasema ni lugha, mwalimu wa Parklands anasema ni desturi. Mimi nasema ni viti. Nani amekaa, nani anaumwa.

#20 BiParklands
Shikamoo mzee. Hiyo ya kufuta ubao mtupu nitaiiba darasani.

#21 MdeniMwenzenu
Uzi mtamu ila mko mbali sana. Mimi sheria ya kimataifa ilinijia mpaka mlangoni, Kayole.

2013 nilikuwa na deni la biashara ya mitumba. Mdai simtaji. Rafiki yangu msomi akanituliza: Kenya iliingia mkataba wa haki za kiraia na kisiasa 1972, ibara ya 11 inakataza mtu kufungwa kwa sababu tu ya kushindwa kutimiza mkataba, na Katiba ya 2010, ibara ya 2(6), inasema mkataba ulioridhiwa ni sehemu ya sheria ya Kenya. Akanichapishia kurasa mbili pale saiba. Nikazikunja, nikaziweka mfuko wa shati, nikatembea nazo wiki tatu.

Askari alipokuja na hati yake nikamtolea kurasa zangu. Akazisoma zote mbili, taratibu, kidole kikifuata mistari. Akazikunja vilevile nilivyozikunja. Akasema, "Vizuri. Chukua sweta."

Nililala ndani siku tisa.

#22 KaratasiTatu
"Chukua sweta." Nimefunga simu nikaifungua tena.

#23 WakiliBilaOfisi
Rafiki yako hakukudanganya, alikuwa na nusu ya habari. 2010 Jaji Martha Koome, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu, aliamua katika kesi ya Zipporah Wambui Mathara kwamba kumfunga mdaiwa kunapingana na ibara hiyo ya 11. Wenzake wengine wa Mahakama Kuu hawakumfuata. 2012 marehemu Jaji David Majanja, kesi ya Beatrice Wanjiku, alishika maneno ya mwisho ya 2(6), yale ya "chini ya Katiba hii", akasema mkataba uko chini ya Katiba, haupandi juu ya kila kitu. Na kifungo cha deni chenyewe si haramu mradi utaratibu unafuatwa, kwa kuwa ibara ya 11 inamlinda asiyeweza kulipa. Asiyetaka halindwi. Neno zito pale ni lile "tu".

Na ibara ya 2(5) ina yake: "kanuni za jumla za sheria ya kimataifa" ni sehemu ya sheria yetu. Zipi? Kesi ya Mitu-Bell, watu waliobomolewa nyumba kijiji cha Mitumba karibu na Wilson mwaka 2011, ilifika Mahakama ya Upeo Januari 2021 ikiwa na swali kama miongozo ya Umoja wa Mataifa kuhusu kuhamisha watu ni sheria hapa. Jibu: si kanuni ya kumfunga mtu, lakini jaji anaweza kuitumia kumulika Katiba. Hiyo ni taa, ila si amri.

#24 MdeniMwenzenu
Asante wakili. Mimi nilikuwa siwezi. Mdai akaapa kwamba sitaki. Hakuna mashine ya kupima hilo.

#25 MwanaWaKiunga
Mnanifungua macho na kunifunga papo hapo. Kuna jingine. Aprili 2009 Kenya na Somalia zilitia saini MoU, yaani hati ya maelewano, kuhusu bahari hiyo hapa hapa Nairobi. Agosti mwaka huo bunge la Somalia likaikataa. 2017 mahakama ikasema ile MoU ni mkataba halali tangu siku ya saini, bunge lipende lisipende, kwa sababu yenyewe iliandikwa inaanza kazi ikisainiwa. Nilipofika hapo nikashangilia chumbani peke yangu. Ukurasa mwingine: ni halali, lakini haiizuii mahakama kusikiliza kesi, maana aya ya sita haimaanishi Kenya inavyodai inamaanisha, kwamba mpaka umalizwe nje ya mahakama. Aya moja! Tulishinda hoja tukapoteza njia.

#26 KaratasiTatu
MoU tena. Nchi iliyoona MoU ya 2002 ya muungano wa vyama wa NARC bado inashangaa MoU?

#27 MzeeWaBuruburu
Ile haikuhitaji The Hague. Ilikufa bila hata tangazo la redio.

#28 Mkereketwa
Nyote mnapamba jeneza. Tatizo ni nguvu. 1986 Marekani ilishindwa kesi na Nicaragua mahakama hiyo hiyo. Nicaragua ikaenda Baraza la Usalama, Marekani ikapiga kura ya turufu. Nani alimfanya nini? Kenya nayo imekataa hukumu, nani ametufanya nini? Mwenye nguvu anajua sheria vizuri sana. Asiye nayo ndiye anaona ukungu.

#29 WakiliBilaOfisi
Mkereketwa, na Bakassi? Oktoba 2002 mahakama iliipa Kameruni rasi hiyo. Nigeria ilikuwa na watu wengi zaidi na jeshi kubwa zaidi, ikakasirika kweli kweli. Wakakaa chini wakakubaliana 2006, na Agosti 2008 ikakabidhi. Nguvu pekee haielezi hilo.

Na tazama sisi wenyewe. Septemba 2021, wiki chache kabla ya hukumu, Kenya iliondoa tamko lake la 1965 la kukubali mamlaka ya mahakama ile. Oktoba, mwezi wa hukumu, Kenya ndiyo iliyokuwa rais wa Baraza la Usalama. Hatukusema sheria ya kimataifa ni upuuzi. Tulisema mahakama haina mamlaka, tulisema mchakato una kasoro. Mtu asiyeamini mlango hahangaiki kuufunga.

#30 JamStriti
Au anaufunga kwa woga tu. Rudi #17, ni lile lile la bomu: huwezi kujua kama nchi imetii au imeogopa.

#31 MamaRuaka
Na Migingo, kile kisiwa cha ziwani tunachogombania na Uganda, mnaiacha?

#32 MpimaMstaafu
Migingo ifungulieni uzi wake. Mpaka ule umeandikwa tangu Agizo la Waingereza la 1926, na kisiwa chenyewe hakifiki uwanja wa mpira. Kule ugomvi ni samaki na kodi.

Nirudi kwa mjomba, maana mmemsahau. Nilisema kule mbali hafiki, lakini ndani ya maili 12 za kwanza anafika. Sasa sikilizeni. Sheria yetu wenyewe ya Maeneo ya Bahari ya 1989 inasema bahari ya taifa, tukipakana na jirani, igawanywe kwa mstari wa kati. Tangazo la rais la 2005 linasema latitudo. Zote za Kenya, zote zina muhuri wa Nairobi, na hazisalimiani. Hapo huwezi kumlaumu Msomali, Mmarekani wala jaji mgonjwa.

#33 MkalimaniWaGigiri
Hii ndiyo imeniuma kuliko zote. Mimi nilidhani utata ni wa wageni.

#34 MwanaWaKiunga
Nimempigia mjomba sasa hivi. Nimemsomea ya Mpima zote, #5 na hiyo ya #32. Ya sweta nikaisoma mara mbili, akacheka mpaka akakohoa. Halafu akaniuliza: "Dema nalitega magharibi, upande wetu, hilo sina shaka nalo. Usiku mkondo unalivuta. Alfajiri nalikuta limehama, na samaki aina ya changu wamo. Waliingia likiwa wapi? Na ni wa nani?"

#35 KaratasiTatu
Changu ni wa nani? Jina lenyewe si limeshatoa hukumu!

#36 WakiliBilaOfisi
Inategemea. Dema lilikuwa na alama ya mwenyewe? Na huwa analifunga jiwe la uzito gani?

#37 MpimaMstaafu
Kabla ya jiwe: upepo ni kusi au kaskazi?

#38 MwanaWaKiunga
Kusi. Na anasema mkizidi kuuliza, samaki wataoza.